Kwa Nini Nyumba Humshinda Mwenye Nyumba: Vichekesho Bubu vya Kifaransa vya Kabla ya 1914

Swali: Nimekuwa nikitazama mtandaoni filamu fupi za Kifaransa zilizotengenezwa kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Katika moja, bwana mmoja anataka kuvua nguo alale lakini nguo hazimwishi mwilini. Katika nyingine, godoro linamhangaisha aliyelishona. Katika ya tatu, bwana mwenye kofia ndefu ya hariri anaoga kwenye korido ya jengo la wapangaji. Wanangu walicheka hadi machozi. Nami nilicheka, lakini nimebaki na maswali. Kwa nini vichekesho hivi vimejaa mabomba ya maji, magodoro, samani na watumishi wa ndani? Je, kuna usanii humo, au ni watu kuangushana tu? Na kwa nini wote wanakwenda mbiombio kama waliochelewa treni?

Jibu: Ndugu msomaji, naomba nianze na swali lako la mwisho, kwa sababu ni jepesi na kwa sababu usipolimaliza mapema utaendelea kuzitazama filamu hizi kwa jicho lisilo lao. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, na mpiga picha kwa kawaida alipiga fremu, yaani picha moja moja zinazofuatana, 16 hadi 18 kwa sekunde. Sauti ilipoingia katika sinema mwishoni mwa miaka ya 1920, mwendo uliokubaliwa ukawa fremu 24 kwa sekunde, na mashine nyingi zilizofuata ziliundwa kwa mwendo huo. Filamu iliyopigwa kwa fremu 16 ikipitishwa kwa mwendo wa 24, tendo lililomchukua mwigizaji sekunde tatu linakwisha kwa sekunde mbili, na mtu aliyetembea kwa heshima zake anaonekana anatimua mbio. Sehemu kubwa ya haraka unayoiona, basi, imetiwa na mashine za baadaye. Sisemi yote, kwa kuwa waongozaji wenyewe walijua mapema kwamba kamera ikizungushwa polepole dunia hukimbia, wakautumia ujuzi huo makusudi. Katika Onésime horloger ya mwaka 1912, iliyoongozwa na Jean Durand kwa kampuni ya Gaumont, kijana anaambiwa atapata urithi wake baada ya miaka mingi. Anachofanya ni kwenda kuichezea saa kuu inayoongoza saa za Paris ili miaka ipite upesi, na mji mzima unaanza kwenda kasi: nyumba inajengwa kwa dakika, ndoa inafungwa, mtoto anazaliwa na kukua mbele ya macho ya wazazi wake. Ukiitazama filamu hiyo katika nakala yenye mwendo sahihi, utaona tofauti kati ya haraka iliyokusudiwa na haraka ya ajali.

Sasa niingie katika kiini. Dai langu ni kwamba katika vichekesho bora vya Kifaransa vya wakati huo, mtu anayechekwa hana upungufu wowote wa akili. Kila hatua anayoichukua ni ya busara, na ni hatua ambayo wewe na mimi tungeichukua tukiwa mahali pake. Anaangamia kwa sababu nyumba aliyomo ina kanuni zake, na kanuni hizo hazipatani na haja yake ndogo ya kulala, kuoga au kuhamisha kabati. Anayeziona filamu hizi kuwa ni watu kuangushana tu huwa ameutazama mwanguko wenyewe akaziacha hatua zilizoutangulia, nazo hatua hizo ndizo zilizoshonwa kwa uangalifu.

Mbegu ya jambo hili imo tayari katika kichekesho cha kwanza kabisa ambacho wengi hukikumbuka. Tarehe 28 Desemba 1895, katika chumba cha chini cha Grand Café, Boulevard des Capucines, Paris, ndugu Auguste na Louis Lumière waliwaonyesha watu waliolipa kiingilio filamu kumi, kila moja ikiwa chini ya dakika moja. Mojawapo ni ile inayojulikana leo kama L'Arroseur arrosé. Mtunza bustani anamwagilia; mvulana anaukanyaga mpira wa maji kwa nyuma; maji yanakatika. Mtunza bustani anafanya jambo ambalo mtu yeyote mwenye akili angelifanya: anaugeuza mdomo wa mpira aangalie kuna nini. Mvulana anainua mguu, maji yanamrukia mzee usoni, kofia inamtoka. Halafu kinafuata kitendo kidogo ambacho nawaomba wanafunzi wangu wakiangalie mara kadhaa. Mvulana anakimbia kuelekea nje ya picha, na mtunza bustani, badala ya kumcharaza huko alikomkamata, anamburuta hadi katikati, mbele ya kamera, ndipo anampiga matakoni. Kumbuka kwamba huyu hakuwa mwigizaji. Alikuwa François Clerc, mtunza bustani wa familia ya Lumière. Hata hivyo alikwisha kuelewa kwamba kichekesho kina jukwaa, na kwamba adhabu isiyoonekana haiwachekeshi watazamaji.

Kutoka bustanini vichekesho viliingia ndani ya nyumba, na ili kuelewa kwa nini viliingia humo inabidi kuujua mji wa Paris wa miaka ile. Familia za tabaka la kati ziliishi katika majengo marefu ya mawe ambamo wapangaji wasiojuana walirundikana ghorofa juu ya ghorofa. Mlangoni alikaa bawabu, aghalabu mwanamke, aliyeshika funguo, barua na siri za kila mtu. Chini ya paa, katika vijumba vya joto kali wakati wa kiangazi na baridi kali wakati wa kipupwe, walilala watumishi wa ndani. Kodi ililipwa kila baada ya miezi mitatu, na siku za kodi zilikuwa pia siku za kuhama, barabara zikijaa mikokoteni iliyopakia vitanda na makabati. Waliokosa kodi walihama usiku kimyakimya, na Wafaransa wana msemo maalumu wa kuhama kwa namna hiyo. Juu ya milango ya majengo yaliyojiona ya kisasa kilipigiliwa kibao cha rangi ya buluu chenye maandishi meupe, kilichotangaza kwamba maji na gesi vinafika kila ghorofa. Usome tangazo hilo kwa makini kama wakili anavyosoma mkataba: kufika kila ghorofa si kufika kila chumba. Katika majengo mengi bomba lilikuwa kwenye korido au penye kituo cha ngazi, na wapangaji wote wa ghorofa hiyo walichota hapo.

Hapo ndipo Max anapoogea. Filamu uliyoiona ni Max prend un bain ya mwaka 1910, na bwana mwenye kofia ya hariri ni Max Linder, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Gabriel Leuvielle, aliyezaliwa mwaka 1883 huko Saint-Loubès karibu na Bordeaux na kuanza kazi katika kampuni ya Pathé mwaka 1905. Fuata mantiki yake hatua kwa hatua. Daktari amemwagiza aoge, naye ni mgonjwa mtiifu, kwa hiyo anakwenda kununua hodhi la kuogea na kulifikisha nyumbani kwa taabu kubwa. Nyumbani hodhi limo chumbani na bomba limo koridoni. Anaanza kuchota maji kidogo kidogo, anakwenda na kurudi, anaona kazi haishi. Basi analiburuta hodhi hadi kwenye bomba, jambo ambalo fundi yeyote angelishauri. Hodhi linajaa. Sasa ni zito, halisogei hata inchi moja. Afanye nini? Maji yapo, hodhi lipo, agizo la daktari lipo, na kitu pekee kinachoweza kusogea ni Max mwenyewe. Anavua nguo, anaingia majini hapohapo koridoni, na kwa kuwa ameoga kwa kufuata sheria zote za akili, hana sababu ya kuona haya. Wapangaji wenzake, ambao nao wana haki ya kupita kwenye korido yao, wanatoa macho. Polisi wanaitwa. Kwa kuwa hawawezi kumtoa mtu uchi majini mbele ya mabibi, wanalibeba hodhi pamoja na mwogaji hadi kituoni.

Hebu ona jinsi ambavyo hakuna mtu mbaya katika kisa hiki. Daktari yuko sahihi, mwuza hodhi yuko sahihi, majirani wako sahihi, polisi wako sahihi, na Max yuko sahihi kuliko wote; kosa limo katika ukuta uliotenga bomba na chumba. Kuanzia kituoni filamu inageuka kuwa mchezo wa kukimbizana: Max anatoroka akitambaa na hodhi mgongoni kama kobe, polisi nyuma yake, na hatimaye wanapanda ukuta wa jengo kama mijusi, hila ambayo studio zile zilikuwa zikiifanya kwa kuchora ukuta sakafuni na kuiweka kamera juu. Watoto wako bila shaka waliipenda sehemu hiyo. Kwangu mimi filamu imekwisha pale polisi wanapoinama kulinyanyua hodhi, kwa kuwa baada ya hapo mantiki imeliachia gurudumu jambo jingine, yaani mazoea ya kampuni ya kufunga kila kichekesho kwa mbio.

Mavazi ya Linder yanahitaji neno moja. Kabla yake wachekeshaji wengi wa filamu walivaa suruali pwaya na kujipaka rangi usoni, wakionekana vichaa tangu mlangoni. Linder alivaa koti la mkia, glavu, kofia ya hariri na masharubu yaliyochongwa vizuri, kama bwana anayekwenda kumposa binti wa tajiri, na mara nyingi hiyo ndiyo safari aliyokuwa nayo. Mtu wa namna hiyo ana kitu cha kupoteza. Maji yakimwagikia mtu aliyevaa matambara hakuna hasara. Yakimwagikia glavu nyeupe, kila mtazamaji anasikia baridi. Charlie Chaplin alilielewa somo hilo barabara, na picha yake aliyomsainia Linder, ambamo alimwita mwalimu na kujiita yeye mwanafunzi wake, inajulikana sana.

Filamu ya mtu asiyeweza kuvua nguo ni kazi ya Georges Méliès, Le Déshabillage impossible ya mwaka 1900. Msafiri ameingia chumbani, anataka kulala. Anavua koti analitundika, na koti jingine limemkaa mwilini. Anavua suruali, suruali nyingine ipo. Anatupa kofia, kofia imerudi kichwani. Hila yenyewe ni rahisi kuieleza na ngumu kuitekeleza: kamera inasimamishwa, mwigizaji anaganda katika mkao uleule, anavalishwa nguo nyingine, kamera inaendelea, na baadaye kipande cha filamu kinakatwa na kuunganishwa ili mshono usionekane. Méliès alikuwa mwana mazingaombwe mwenye ukumbi wake mjini Paris kabla ya kujenga studio ya vioo huko Montreuil mwaka 1897, na alipenda kujionyesha katika filamu zake kama bwana wa maajabu. Hapa maajabu yamemgeuka mwenyewe. Angalia mwendo wa msafiri: mwanzoni anavua taratibu na kutundika kila nguo mahali pake kama mtu mstaarabu, baadaye anatupa, mwishoni anagaagaa kitandani kama mwenye pepo. Hakuna mtu mwingine chumbani, wala hakuna anayemtania. Adui ni usingizi usiofika kwa sababu ya kabati lisilokwisha.

Pamoja na heshima yangu yote kwa Méliès, nikilazimishwa kuchagua nitamchagua Alice Guy. Aliingia kampuni ya Léon Gaumont akiwa katibu wake, akaanza kutengeneza filamu mwaka 1896, na kwa takriban miaka kumi aliongoza utengenezaji wa filamu za kampuni hiyo kabla ya kwenda Marekani mwaka 1907. Filamu ya godoro, Le Matelas épileptique ya 1906, ni yake. Zamani hizo magodoro ya Ufaransa yalijazwa sufu, na kila baada ya muda yalifumuliwa, sufu ikachambuliwa, yakashonwa upya na mafundi waliofanya kazi hiyo nje, penye hewa. Mshona magodoro wa filamu hii ni mwanamke. Anaiacha kazi kidogo aende kunywa, mlevi mmoja anajilaza ndani ya godoro lililo wazi, anasinzia. Mshonaji anarudi, anamalizia kushona bila kutazama ndani, maana nani hutazama ndani ya godoro? Mlevi anaamka gizani. Kuanzia hapo mwanamke anavutana na godoro barabarani, linamwangusha, linamponyoka, anaporomoka nalo, analinyanyua tena, anaendelea, kwa sababu wateja wanangoja na kazi ni kazi.

Mimi huvutiwa na jinsi anavyolibeba. Hashangai kupita kiasi. Anakasirika kama anavyokasirika mtu aliyepewa mzigo mkaidi, analirekebisha begani, anapiga hatua tatu, anaanguka, anainuka. Kuna watu wanaotafsiri filamu hii kuwa ni kichekesho kuhusu ulevi. Mimi naiona kuwa kichekesho kuhusu kazi ya kike, ile kazi nzito ambayo lazima imalizike hata kama kitu kinachofanyiwa kazi kimepata uhai na hakitaki. Godoro linapofika, wenye nyumba wanalala juu yake na kurushwa huku na huku, nao bado hawafikirii kulifumua. Guy alipiga sehemu kubwa ya filamu nje, mchana, katika barabara na miteremko halisi, na uhalisi huo unafanya upuuzi wa godoro uguse zaidi kuliko ungegusa mbele ya mapazia yaliyochorwa.

Guy huyohuyo, katika Madame a des envies, pia ya 1906, alimwonyesha mwanamke mjamzito mwenye uchu usiozuilika, akitembea mbele huku mumewe akisukuma kigari cha mtoto nyuma yake. Anamnyang'anya mtoto peremende, anamnyang'anya bwana mmoja kinywaji chake kikali, anamnyang'anya maskini samaki wake, na mwishowe kiko cha mpita njia. Kila baada ya wizi kamera inamsogelea, tunamwona uso na kifua tu, akila, akinywa au akivuta kwa raha isiyo na haya hata chembe, kisha tunarudi barabarani ambako mume anapokea lawama. Mbinu ya kumsogelea mwigizaji kwa ajili ya kuonyesha raha yake ilikuwa bado ngeni, na Guy aliitumia kwa hesabu kamili: mkasa unaonyeshwa kwa mbali, utamu unaonyeshwa kwa karibu.

Hapa linaingia suala lako la watumishi. Mwaka 1906 Ufaransa ilipitisha sheria iliyowapa wafanyakazi wa viwandani na madukani siku moja ya mapumziko kwa wiki. Watumishi wa ndani waliachwa nje ya mpango huo. Mwaka huohuo Pathé ilitoa La Grève des bonnes, kichekesho kuhusu wajakazi wanaogoma. Waliotengeneza filamu hiyo walitaka watu wacheke, na kicheko chao hakikuwa cha huruma; hata hivyo wazo la kwamba jikoni panaweza kusimama siku moja lilikuwa limeshaonyeshwa. Miaka michache baadaye zikaja misururu mizima iliyobeba majina ya wanawake. Sarah Duhamel, mama mnene mwenye wepesi wa ajabu, aliigiza Rosalie kwa ajili ya Pathé kuanzia 1911. Katika Rosalie et son phonographe santuri yake inapigwa na samani zote zinacheza. Kampuni ya Lux ilikuwa na Cunégonde, mtumishi ambaye waajiri wakitoka anawakaribisha jamaa zake. Naye Léontine wa Pathé, msichana ambaye jina la mwigizaji wake limepotea kabisa katika kumbukumbu, anataka jambo dogo mno katika Le Bateau de Léontine ya 1911: anataka kuelea kimashua chake cha kuchezea. Mahali padogo hapatoshi, kwa hiyo anafungua mabomba, nyumba inajaa maji, na maji yanapasua dari na kuwashukia wapangaji wa chini. Mantiki ni ileile ya Max. Kama maji ya kutosha hayapo, yaongezwe.

Nimekuwa nikijiuliza wapi walijifunza ufundi huu, na jibu langu ni sarakasi. André Deed, aliyeanzisha mhusika Boireau wa Pathé kwa Boireau déménage ya 1906, yaani kisa cha kuhama nyumba, alitoka katika ulimwengu wa sarakasi na majukwaa ya muziki. Roméo Bosetti, mchekeshaji na mwongozaji mwingine wa wakati huo, vilevile. Katika sarakasi za Paris za mwisho wa karne ya 19 jozi iliyotia fora ilikuwa ya Foottit, Mwingereza, na Chocolat, jina la jukwaani la Rafael Padilla, mtu mweusi aliyezaliwa utumwani Cuba. Foottit aliamrisha, Chocolat akapokea vibao, na jozi hiyo ilipigwa picha na kampuni ya Lumière mnamo 1900. Mtazamaji wa Kiafrika hawezi kuzitazama picha hizo bila kuona nani kapewa kazi ya kupigwa na kwa nini. Ubaguzi umo pia katika filamu nyingi za Pathé na wenzake, ambamo Wazungu waliojipaka masizi hutumiwa kama kichekesho, na sipendekezi umwonyeshe mtoto yeyote filamu hizo bila maelezo. Lakini kanuni ya kiufundi ya jozi ile ilikuwa kwamba panahitajika mmoja mwenye mamlaka yasiyojadiliwa na mmoja anayejitahidi kumtii. Filamu za nyumbani zilimwondoa bwana mwamrishaji na kumweka bomba, godoro au kabati mahali pake. Ndiyo maana vitu vya nyumbani humo vina hadhi ya wahusika: vinaamrisha.

Kulikuwa pia na sababu ya kibiashara, nayo sitakaa nayo sana. Kuanzia 1907 Pathé, iliyokuwa wakati huo kampuni kubwa ya filamu kuliko zote duniani, iliacha kuuza nakala zake ikaanza kuzikodisha, na kumbi za kudumu zilihitaji programu mpya kila wiki. Mhusika mmoja mwenye jina, chumba kimoja cha kupanga, meza, kitanda na ngazi vilitosha kutoa kisa kipya kila baada ya siku chache. Ndipo wakafurika akina Rigadin wa Charles Prince, Calino, Zigoto, Bébé na Bout-de-Zan. Kusema kweli nyingi za filamu hizo ni za kuchosha. Kundi la wanasarakasi la Jean Durand liliweza kubomoa nyumba ya ghorofa tatu kutoka juu hadi chini kwa ustadi wa kutisha, lakini baada ya sakafu ya tatu kuporomoka mtazamaji huanza kuhesabu matofali.

Zipo chache zinazogeuza kanuni kwa kukipa kila kitu utiifu. Katika Hôtel électrique ya 1908, Segundo de Chomón, Mhispania aliyeajiriwa na Pathé, aliwapa mume na mke chumba ambamo mizigo inajifungua yenyewe, brashi zinasafisha viatu bila mkono wa mtu, na nywele zinachanwa kwa umeme. Alipiga fremu moja moja, akisogeza vitu kidogo kati ya fremu na fremu. Mambo yanaharibika mlevi anapofika kwenye mitambo. Katika Le Garde-meuble automatique ya 1912, ambayo mara nyingi hutajwa kimakosa kuwa ya Émile Cohl, mtengenezaji wa filamu za katuni, samani zinahama zenyewe kutoka nyumba moja hadi nyingine bila mpagazi hata mmoja. Kwa mpangaji wa Paris aliyekwisha kushusha kabati la nguo ngazi za ghorofa tano, hiyo haikuwa filamu ya kuchekesha, ilikuwa ndoto.

Agosti 1914 vita viliwachukua waigizaji, mafundi na viwanda, na Wafaransa wakaanza kucheka filamu za Wamarekani, Chaplin akiwa mbele. Linder alikwenda Marekani kufanya kazi na kampuni ya Essanay, akarudi, akaenda tena, na huko mwaka 1921 alitengeneza Seven Years Bad Luck, ambayo kwa maoni yangu ndiyo kilele cha aina hii ya kichekesho, ingawa haikutengenezwa Ufaransa. Watumishi wake wamevunja kioo kikubwa cha chumbani. Kwa kuogopa kufukuzwa, mpishi anavaa kama bwana wake na kusimama ndani ya fremu tupu, akiiga kila tendo la Max anayenyoa upande wa pili. Sehemu hiyo imeigwa na wengi, nawe huenda umewahi kuiona kwingine. Mimi hupenda zaidi kinachofuata. Max anagundua hila na kuondoka kidogo. Wakati huo kioo kipya kinawekwa. Anarudi akijua kwa hakika kwamba hakuna kioo pale, na ili kumwadhibu mpishi anarusha kiatu. Alikuwa na ushahidi wote mkononi, alifikiri sawasawa, na kioo kikavunjika.

Linder alifariki Paris mwaka 1925, akiwa na miaka 41, katika mkasa uliomchukua pia mkewe. Binti yao Maud alikuwa bado mtoto mchanga. Alizikuta filamu za baba yake akiwa mtu mzima, akatumia maisha yake kuzitafuta, na filamu aliyoikusanya kutokana nazo mwaka 1963, En compagnie de Max Linder, ni mahali pazuri pa kuanzia kwako. Kwa Alice Guy na akina Rosalie na Léontine, tafuta nakala zilizorekebishwa na hifadhi za filamu, hasa Gaumont na jumba la EYE la Amsterdam, kwa kuwa hizo huwa zimewekwa katika mwendo unaokaribia ule wa asili. Ukipata nakala inayokimbia mno, programu nyingi za kuchezea video zina kitufe cha kupunguza mwendo: ushushe hadi asilimia 70 hivi, uwaite watoto, na uwaambie wasiangalie anayeanguka, wamwangalie alivyokuwa akifikiri sekunde tano kabla.